Mzee Ogilvie, Aliyezaliwa Mwaka 1849

Gertrude alikuwa ameahidi, na ahadi ya kitandani kwa mgonjwa haikwepeki. Alimwahidi mzee Ogilvie kwamba siku akifa hataagwa kama paka wa barabarani. Watu watakuja, wataimba, na maisha yake yatasomwa kwa sauti, mwanzo hadi mwisho, kutoka kwenye programu yenye picha ya rangi. Basi mzee akafa. Ndipo Gertrude alipogundua kwamba hayo maisha yenyewe hayajui.

Chanzo kilikuwa hizo programu. Gertrude, Mtaita wa Wundanyi, alikuwa mhudumu katika nyumba ya wazee kule Hodge Hill, na mara nyingi aliingia zamu akitoka mazishini moja kwa moja, maana Wakenya wa Birmingham hawaachi kuzikana, na usipofika kwa mwenzako usimtarajie kwako. Siku moja mzee aliona programu ikichungulia mkobani, akaivuta, akaisoma yote: marehemu alizaliwa wapi, alibatizwa na nani, shule zake, shemeji zake, hata ng'ombe aliowaacha.

"Haya yote ni ya mtu mmoja?" aliuliza. "Alikuwa waziri?"

"Alikuwa dereva wa basi."

Mzee akafikiri. "Kwetu unapewa dakika ishirini na kasisi anayekosea jina lako."

Tangu hapo akawa anazidai kama gazeti. Alizisahihisha kama mwalimu, huyu wamemwandika vizuri, huyu wamemtia chumvi, huyu hata mkewe haamini. Kisha jioni moja akamshika Gertrude mkono kwa vidole vyake vilivyopinda, akamwuliza, bila utani hata chembe, yeye ataandikiwa na nani. Na Gertrude, kwa mdomo wake mwenyewe ambao haujawahi kumletea faida, akajibu, "Mimi."

Sasa aandike nini? Si kwamba mzee alikuwa bubu. Alisema kutwa kucha, ila alimzungumzia mtu mmoja tu, na mtu huyo hakuwa yeye. Alikuwa babu wa baba yake, aliyeitwa Alexander Ogilvie kama yeye, Mskoti aliyevuka bahari kwenda Amerika akacheza besiboli ya kulipwa ilipokuwa ndiyo kwanza inaanza, enzi ambazo mpira ulidakwa kwa mikono mitupu. Gertrude aliuelewa mchezo huo hivi: mmoja anarusha, mmoja anapunga rungu, waliobaki wanasimama kwenye nyasi wakisubiri. Ogilvie huyo alicheza mechi moja. Mpira ukamjia, ukampita mikononi, timu ikafungwa, na hakuitwa tena. Lakini jina lake liko kwenye rekodi mpaka leo, mzee alisema, na akifika hapo alikaa wima kitini kama bwana harusi.

"Mechi moja tu?" Gertrude alikuwa akimchokoza.

"Wewe umecheza ngapi?"

Ukimwuliza habari zake mwenyewe, kazi, mke, watoto, alijitia usingizi. Kitu kingine alichokuwa nacho ni viatu. Kila Jumapili baada ya chakula cha mchana alitaka avalishwe viatu vyake vya kahawia, vimepigwa rangi vikang'aa, kwa sababu Moira anakuja. Moira hakuja. Gertrude alidhani ni marehemu mkewe, akawa anamvalisha tu bila kuuliza. Chumba cha pili kulikuwa na bibi aliyekuwa akimsubiri Yesu kwa basi la saa nane, na huyo pia hakuna aliyemkatalia.

Mzee alipokata roho, Gertrude alikwenda kwa Jairus, mwenyekiti wa chama cha maziko, Mjaluo mwenye sauti isiyohitaji kipaza. Jairus alijihesabu kuwa mwandishi wa wasifu asiye na mpinzani katika Uingereza yote ya kati. Aliwahi kuwaliza watu kwa kifo cha mtu waliyekuwa hawasemezani naye.

"Anaitwaje?" aliuliza.

"Alexander Ogilvie."

Jairus akaweka kikombe chini. "Ogilvie, na O mbele kama majina ya kwetu? Huyo ni wetu."

"Ni Mskoti, Baba Audrey."

"Dada Gertrude, O ni O."

Kabla chai haijapoa alikuwa ameshaunda kikundi cha WhatsApp, amegawa kamati, na watu wa Digbeth hadi Coventry wanaandika "poleni sana" kwa mtu wasiyemjua. Gertrude alimpa alichokuwa nacho, yaani jina, Uskoti na besiboli. Jairus akasema hayo yanatosha, mengine amwachie. Gertrude alikuwa na zamu tatu mfululizo, akamwachia. Hapo ndipo alipoharibu. Mtu mwenye akili timamu anaweza kumwachia Jairus sufuria ya pilau, hata gari, lakini si wasifu.

Siku ya kumuaga mzee, mvua ya Birmingham ikinyesha ile ya kinafiki isiyokubali kuisha wala kunyesha kweli, msimamizi wa mahali pa kuchomea maiti alikuwa ameandaa viti sita. Alifungua mlango akakuta watu wamejaa hadi maegeshoni. Wakenya walikuja na masufuria ya chakula cha baadaye kwenye magari. Wakongo walikuja na kwaya nzima, ikiongozwa na Immaculée, mhudumu mwenzake Gertrude, aliyekuwa amelia tangu asubuhi ingawa habari ya kuchoma mtu haikumwingia akilini hata kidogo. Msimamizi aliwakumbusha kwamba wana nusu saa. Wakamwambia asijali, kwa namna iliyomfanya ajali sana.

Programu zikagawiwa. Kwa kweli zilipendeza. Mbele alikuwapo mzee na keki yake ya kuzaliwa, anacheka, meno yote ya bandia nje. Gertrude akaona moyo wake umetua. Ahadi inatimia.

"Mama Gertrude," Immaculée alinong'ona, "ule muzee alikuwa na miaka ngapi?"

"Tisini na kidogo. Kwa nini?"

"Juu hapa baliandika ingine." Akaweka kidole chini ya picha. "Regarde."

Mawio: 1849. Machweo: 2025.

Gertrude akaifungua programu, akasoma. Mzee wetu alizaliwa Uskoti mwaka 1849. Mzee wetu alivuka bahari kwa meli ya moshi. Mzee wetu aliingia uwanjani mwaka 1871, akacheza mechi moja, mpira ukampita mikononi. Mzee wetu alikuwa mtu wa watu, mcha Mungu na mpenda maendeleo. Mzee wetu aliugua homa ya matumbo mjini Baltimore, akalala.

Alimkuta Jairus mlangoni akisalimia watu kama mgombea wa ubunge.

"Baba Audrey, hii ni nini?"

"Research," alisema Jairus. "Kuna ukurasa kwenye mtandao wa jina hilo lote, ukoo wote wa kina Ogilvie. Nikamtafuta wa besiboli, nikampata."

"Huyo ni babu wa baba yake! Mtu hazaliwi 1849 akafa juzi Hodge Hill!"

Jairus alikuna kidevu. Aliutazama mwaka, akatazama picha. "Nilishtuka kidogo," alikiri. "Lakini wazungu wanakula vizuri."

Gertrude angemjibu, na jibu lisingefaa mahali pa ibada, lakini mwanamke wa miaka sitini hivi, koti la kijani, mwavuli unachuruzika, alikuwa amesimama nyuma yao akiuliza kama hapa ndipo kwa Ogilvie. Akasema ametafutwa na ofisi ya jiji kama jamaa wa karibu. Akasema yeye ni Moira, binti yake.

Gertrude akautazama mwavuli. Kwa muda wote ule alikuwa akimvalisha mzee viatu kwa ajili ya mtu mwenye mwavuli.

"Umetoka mbali?" ndilo lililomtoka.

"Selly Oak."

"Selly Oak hii hii ya hapa mjini?"

"Nimeishi huko miaka thelathini." Moira alikuwa akiwaangalia watu, kwaya, vitambaa vya kichwa. "Alitoka nyumbani nikiwa na miaka tisa. Alisema atakuja Jumapili kunichukua. Nimekuja leo kuhakikisha kwamba amekufa. Hawa wote ni akina nani?"

"Ni watu wake," alisema Gertrude, na wakati huo hakuona kama amedanganya.

Moira akachukua programu, akaenda kukaa kiti cha nyuma kabisa, karibu na mlango.

Kwaya ikaimba. Immaculée alifupisha wimbo, yaani ukaisha baada ya beti tano badala ya kumi na mbili. Kisha Jairus akamwita dada Gertrude asome wasifu wa marehemu. Gertrude akasimama mbele, jeneza ubavuni kwake, na kule nyuma koti la kijani. Alikuwa na njia mbili tu, zote mbovu. Akisoma, anamzika mtu mwingine mbele ya mwanawe. Asiposoma, mzee anaondoka bila neno, kama paka yule yule. Ahadi ilikuwa kusoma. Akajikaza kisabuni, akaanza.

"Mzee wetu Alexander Ogilvie alizaliwa mwaka 1849."

Vichwa vikainuka. Mama mmoja akasema amina, maana neema ya namna hiyo haionekani kila siku. Gertrude akaendelea, meli, Amerika, uwanja, nyasi. Alipofika pale mpira unapompita mikononi, kicheko kikavu kikasikika kutoka nyuma.

"Mechi moja," alisema Moira kwa sauti, bila kusimama. "Angalau huyo alifika uwanjani."

Jairus akakohoa kikohozi cha mwenyekiti. Gertrude alimwangalia Moira na hasira zake, na hasira zenyewe zilikuwa haki yake, akaona homa ya matumbo ya Baltimore haitamsaidia mtu hapa. Akaikunja programu.

"Hayo mliyosikia si yake," alisema. "Ni ya babu wa baba yake. Baba Audrey alifanya utafiti." Watu wakacheka kidogo, kwa kuogopa. "Ya kwake mwenyewe niliyonayo ni haba. Aliiba sukari aliyokatazwa na daktari, akaificha ndani ya soksi. Alisoma programu za mazishi yenu akizipa maksi. Ile ya mjomba wake Baba Audrey aliipa tatu kwa kumi." Sasa wakacheka kweli, na Jairus akasema si kweli, ilikuwa nzuri. "Na kila Jumapili alitaka avalishwe viatu vyake, vipigwe rangi. Alikuwa akisema Moira anakuja. Alikaa navyo pale dirishani, anaangalia barabara. Mimi sikujua kama Moira ni mtu aliye hai. Ningejua, ningemfuata Selly Oak kwa miguu. Inaniuma. Basi. Hayo ndiyo maisha yake ninayoyajua mimi, na nimeyasoma."

Akaenda kukaa. Msimamizi akaonyesha saa. Immaculée akaimbisha beti nyingine bila kuulizwa, pazia likafungwa mbele ya jeneza, na hakuna aliyegeuka kutazama nyuma, kwa heshima, jambo ambalo kwa umati ule lilikuwa kazi kubwa.

Nje, watu walipokuwa wakipangana magari kuelekea ukumbi wa chakula, Moira alimfuata Gertrude maegeshoni. Macho yalikuwa makavu.

"Hakupiga simu hata mara moja," alisema.

"Hakupiga," alisema Gertrude. "Siwezi kumtetea."

Akafungua buti ya gari, akatoa mfuko wa plastiki. Watu wa jeneza walikuwa wamerudisha viatu, kwa sababu soli ni za mpira na tanuri halitaki mpira. Tangu Jumanne vilikuwa vikizunguka naye mjini. Moira akavitoa, akakigeuza kimoja, akapitisha kidole kwenye soli. Ilikuwa kama mpya, haikuchakaa hata upande mmoja.

"Alikuwa akivivua saa ngapi?"

"Mpaka chai ya jioni ipite. Nikitaka kumvua mapema anakataa." Gertrude alisita, kisha akaona amalize. "Alikuwa akisema tukungoje kidogo, huenda kuna foleni barabarani."

Jairus akatokea papo hapo, mkono mbele, sura ya msiba ameivaa vizuri. Alimpa Moira pole kwa niaba ya chama na ya ukoo mzima wa kina O, akaahidi kwamba programu zitachapishwa upya, na safari hii mwaka utakuwa ule wenyewe.

"Usiziguse," alisema Moira. Akaikunja ya kwake mara mbili, akaitia mfukoni mwa koti, picha ikiwa ndani. "Nitataka nyingine mbili."

Akaenda kwenye gari lake, akafungua mlango wa abiria. Aliviweka viatu chini mbele ya kiti, kimoja ubavuni mwa kingine, ncha zikielekea mbele, kama mtu anavyokaa. Akavitazama. Mvua ilikuwa ikimnyeshea mgongoni na mwavuli ameushika mkononi, haujafunguliwa.

"Foleni ilikuwa mbaya," aliviambia.

Kisha akafunga mlango, akajifuta uso kwa mkono wa koti, akamwuliza Gertrude chakula kiko wapi.