Bakuli la Baba Mkubwa

Tangu akiwa kwake Matulo, Nangila alikuwa amejiapiza kwamba akifika Kitale ataufunga mdomo wake, na mikono pia. Mwanawe Kizito alimwomba hivyo kwenye simu, kwa upole wa mtu anayemjua mamake vizuri: hiyo siku amwachie Kui jikoni, wageni waje waone chakula cha Kui, si cha mama mkwe. Nangila akakubali. Kukubali kwenye simu ni kazi rahisi.

Siku yenyewe ilikuwa na uzito wake. Kizito na Kui walikuwa wameishi pamoja miaka mitatu, na mtoto wa miezi minane juu, lakini hata ng'ombe mmoja wa mahari alikuwa bado hajapelekwa kwa wazazi wa Kui huko Kwanza. Wazee wa Matulo walikuwa wanavuta miguu. Msichana wa Kikuyu, walisema, nani anamjua? Hatimaye Wekoye, kaka mkubwa wa marehemu mume wa Nangila, ambaye bila neno lake hakuna ng'ombe anayetoka zizini, akasema atakuja Kitale na dadake Sellah. Watakula chakula cha huyo msichana, watakaa naye, kisha atasema ndiyo au hapana. Nangila mwenyewe alikuwa ameshampenda Kui zamani. Hakuwahi kumwambia, ila alidhani binti anajua.

Asubuhi hiyo mvua ya Julai ilikuwa inanyesha, baridi ya kuuma masikio. Kuku alikuwa ameshachinjwa. Mara Kizito akapigiwa simu na shangazi yake: wamefika mjini, lakini Wekoye amepitia kwa daktari wa meno, kwa sababu yeye akisafiri lazima safari moja ifanye kazi mbili. Meno mawili yameng'olewa. Shavu limefura, na daktari amesema leo asitafune kitu wala asiguse chochote cha moto.

Nangila aliketi kwenye kiti bila kukiangalia. Mgeni mkubwa hivyo, na kuku hawezi kula! Alimtazama Kui akitarajia machozi, lakini Kui alikuwa anafungua kabati. Alisema atapika supu ya mboga na matunda. Watu wengine watakunywa ikiwa moto, kwa sababu ya mvua, na baba mkubwa atakunywa ikiwa baridi. Ni supu ya namna hiyo, alisema, inakubali yote mawili.

Supu baridi? Nangila aliwahi kusikia mambo, lakini hilo lilimpita. Kwao chakula kilichopoa hupewa mbwa, au huliwa na mtu mwenyewe akiwa peke yake, bila shahidi. Akakumbuka kiapo chake, akameza mate.

Akasimama mlangoni akitazama. Kui alikaanga vitunguu na tangawizi kwa siagi kidogo. Akachukua kabichi nyekundu, ile ambayo rangi yake ni zambarau hata jina likisema vingine, akaikata nyembamba, akaitia. Hapo Nangila alikuwa bado anapumua vizuri. Kisha Kui akamenya matofaa matatu, akayakatakata, akayatumbukiza ndani ya vitunguu. Nangila aliduwaa. Tunda ni kitu cha mtoto akitoka shule. Sasa linatafuta nini kwenye sufuria, karibu na chumvi? Alitazama dirishani, labda kuna jirani anaona. Kui hakuwa na habari. Akatia maji, akaacha vitokote mpaka vikalainika, akasaga kwa blenda, halafu akakamua malimau mawili. Papo hapo supu ikaacha ule uzambarau wake wa kufifia, ikawaka nyekundu. Ilipendeza, Nangila hakukataa. Ila ilipendeza kama kitu cha dukani.

Kui akaigawa. Nyingi ilibaki jikoni kwa ajili ya watu wote, na sehemu ya Wekoye ikaingia kwenye sufuria ndogo, ikafunikwa, ikawekwa ndani ya beseni la maji baridi kule stoo. Mtoto akalia, naye akaenda kumnyonyesha.

Nangila akabaki peke yake na stoo.

Alisema ataonja tu. Akaonja. Ukali wa limau ulimkunja uso mzima, na mara akaufikiria mdomo wa Wekoye, fizi mbili wazi, vidonda bado vina damu, halafu hili limau. Mzee atapiga kelele mpaka Webuye wasikie. Atasimama, atachukua kofia yake, na ng'ombe watabaki zizini miaka mingine mitatu. Hapana. Mtu akiona shimo, anaacha mwenzake atumbukie?

Kwenye rafu kulikuwa na chupa aliyoileta mwenyewe kama zawadi, chupa ya musherekha, yaani maji yaliyochujwa kwenye majivu ya maganda ya maharagwe. Hakuna mama wa Bungoma asiyekuwa nayo. Inalainisha kunde, inakata uchungu wa mboga, na ukali wowote ukikutana nayo unanyenyekea. Nangila alifungua chupa, akafunua sufuria kidogo, akamimina, si haba. Supu ikachemka bila moto. Povu likapanda mpaka ukingoni, naye akaruka nyuma. Hapo akasikia ndala za Kui zinakuja. Akafunika upesi, akarudisha chupa mahali pake, akatoka akijifuta mikono kwenye kanga. Povu tu, alijiambia, litatulia.

Wageni wakaja, wakakaribishwa, wakasali. Wekoye alikaa kwenye kiti kikubwa, shavu moja nje, akiongea kwa upande uliobaki. Kui akaleta supu ya moto kwanza, akampa shangazi Sellah, akampa Nangila, akampa mumewe. Nyekundu, mvuke unapanda. Sellah alipuliza, akaonja, akasema si mbaya, neno ambalo kwa Sellah ni sifa kubwa. Kisha Kui, mtoto akiwa kiunoni, akaileta sufuria ndogo ikiwa imefunikwa, apate kumpakulia mzee mbele ya macho yake, kwa heshima. Akafunua.

Ilikuwa buluu. Si kufifia, si kijivujivu. Buluu kabisa, kama maji ya kusuuzia sare za shule. Kui alishika mfuniko hewani, akaganda. Hata hivyo mkono ulikuwa umeshazoea kazi, ukapakua, na ile buluu ikaingia kwenye bakuli jeupe, ikazidi kuonekana. Hapo ndipo kila mtu alipoacha kula. Kijiko cha Kizito kilibaki kati ya bakuli na mdomo.

Shangazi Sellah ndiye aliyelisema. Aliyaangalia mabakuli yote, moja baada ya jingine, kisha akalisukuma lake.

"Zetu ni nyekundu," alisema. "Ni ya Wekoye peke yake ndio iko hivi."

Hakutaja neno sumu. Haikuhitajika, lilikuwa limeshakaa nao mezani.

Wekoye aliinama, akaangalia bakuli lake kwa muda mrefu. "Msichana," akauliza, "hii langi umeitoa wapi?"

Kui alijibu kwamba ni supu ileile, ametoa kwenye sufuria moja, hajaongeza kitu. Akamgeukia mumewe, na Kizito, Mungu amsamehe, akamtazama mkewe kwa macho yenye swali. Nangila aliliona lile swali. Lilimchoma kuliko kama lingeelekezwa kwake.

Na yeye alikuwa anajua. Alijua tangu mfuniko uliponyanyuliwa. Alifungua mdomo aseme. Lakini aseme nini? Kwamba yeye, mama mkwe, aliingia stoo kwa kunyata na kutia kitu kwenye sufuria ya mwenzake, ya mgeni, mtu asione? Kule Matulo kulikuwa na mama mmoja aliyekutwa hivyo, na mpaka anakufa watu walikuwa wakizunguka njia nyingine wasipite kwake. Nangila aliona njia ya kwake ikiota nyasi. Akajiambia ataeleza baadaye, watu wakitulia kidogo. Akafunga mdomo. Yeye, Nangila, ambaye hata kanisani huongea wakati wa tangazo, akafunga mdomo.

"Kwetu," Wekoye akasema polepole, "mwenye kupika ndiye anaonja."

Hakuna aliyepinga. Kui alilitazama bakuli, na kila mtu aliona kwamba hajui kilichomo, kwamba anaogopa kama wao. Akaizunguka meza, akampita Kizito aliyekuwa amenyoosha mikono, akampita Sellah, akafika kwa Nangila.

"Mama, nishikie mtoto," alisema.

Akamweka mapajani mwake, akamrekebishia soksi iliyokuwa inatoka. Kisha akarudi, akalishika bakuli kwa mikono miwili, akanywa. Funda moja. La pili.

Nangila alisikia mtu anasema, "Ni mimi," na ilimchukua muda kujua kwamba sauti ni yake. Alikuwa amesimama, mtoto kifuani. "Wacha kunywa, mwanangu. Ni musherekha. Niliweka mimi."

Akaeleza yote bila kupumua, limau, fizi za Wekoye, povu, ndala. Kizito alikimbia stoo, akaleta chupa, akatia matone kwenye bakuli lake la supu nyekundu. Mbele ya macho yao ikageuka zambarau, halafu buluu. Shangazi Sellah alishika kichwa. Kisha akaanza kucheka, akacheka mpaka machozi, na Wekoye akacheka akiwa amelishika shavu, akilalamika kwamba wanamuua kwa maumivu. Kizito hakucheka. Alikwenda akasimama karibu na mkewe, hakujua aweke mikono wapi.

Wekoye alivuta bakuli la buluu, akaonja. Akasema halina ukali hata kidogo. Akalimaliza lote, baridi vile vile, akaomba lingine.

"Mwezi ujao tunaenda Kwanza na ng'ombe," alisema alipoweka kijiko. "Mtu anakunywa kitu hakijui mbele ya watu, si huyo hana kitu ya kuficha? Huyo ni wetu."

Sellah akapiga vigelegele. Nyumba ikachangamka, kuku akaletwa kwa wenye meno, na ndani ya robo saa lile jambo lilikuwa limeshakuwa hadithi ya kusimuliwa Matulo.

Nangila aliwaacha wakichangamka, akamfuata Kui jikoni, mtoto bado kifuani mwake. Kui alikuwa anaosha vyombo, mgongo umeelekea mlangoni. Nangila alisema pole. Akasema tena. Akasema zawadi ataleta, akasema amekuwa mjinga, akasema mengi, kwa sababu sasa mdomo ulikuwa umefunguka wakati hakuna aliyeuhitaji.

Kui alifunga mfereji.

"Mama, ulikuwa unajua ni musherekha tu," alisema. "Kwa nini uliniacha mpaka nikaweka mdomo?"

Nangila alitafuta uongo mzuri, akakosa. "Niliogopa jina langu," akasema.

Kui akageuka. Hakuwa amekasirika, na hilo ndilo lililomwogopesha Nangila. Alikuwa anamtazama kama mtu anayemwona kwa mara ya kwanza.

"Mimi nilijua nakufa," alisema. "Na mtoto nikakupa wewe."

Akanyoosha mikono, akamchukua mwanawe.