Kitanzi cha Meja

Tangu mumewe Asa azikwe, Lovina Tibbetts hakubakiwa na wa kusema naye ila Meja, farasi wa marehemu. Jioni alimsomea Zaburi bandani, naye Meja alitafuna majani makavu polepole, kama mzee anayeafiki kila neno.

Januari hiyo mto Kennebec uliganda unene wa futi moja na robo. Kampuni ya barafu ikatafuta farasi wa kukokota plau, lile linalochora mistari kwenye barafu kabla ya misumeno kuikata vipande vya kuuza. Lovina hakutaka Meja ashikwe na mgeni. Akavaa buti za Asa, akamwongoza mwenyewe.

"Shemeji, kamba yake iko wapi?" aliuliza Elbridge, mdogo wake Asa, msimamizi wa kazi. Kila farasi pale mtoni alivaa kitanzi shingoni.

"Inamchubua. Nimeivua."

"Mtafutie basi skafu ya hariri," alidakia mmoja wa wakataji, na wenzake wakacheka.

"Mvishe, shemeji, nakusihi."

"Baadaye."

Asa alikufa kwa ugonjwa wa mapafu, siku tatu akitafuta pumzi. Lovina hakuwa na moyo wa kuona kamba kwenye koo la kiumbe yeyote.

Kabla ya adhuhuri barafu ilipasuka, Meja akazama mpaka shingoni. Alipiga mateke, na kila teke lilivunja ukingo aliouegemea. Elbridge alilala kifudifudi akajaribu kumvisha kitanzi. Meja akamng'ata mkono.

"Wewe anakujua," alisema Elbridge, akimpa Lovina kamba. "Ukimkaba, pumzi itabaki ndani, ataelea kama gogo. Usipomkaba atajiua kwa mateke."

Lovina alijilaza kwenye barafu, akamwita kwa jina. Meja akamletea kichwa. Lovina akamvisha, akavuta. Lile jicho kubwa halikumwacha hata kidogo. "Bwana, nishike mikono," alisema, akazidi kuvuta, mpaka Meja akalegea, akaelea kiubavu. Wanaume wakapitisha mbao chini yake, farasi wawili wakamtoa.

Kamba ilipofunguliwa, Meja hakupumua mara moja. Kisha akakohoa.

Jioni Lovina alimpelekea pumba za moto. Meja alirudi nyuma mpaka mkia ukagusa ukuta.

"Atasahau, shemeji," alisema Elbridge mlangoni, mkono umefungwa kitambaa.

Lovina aliweka ndoo chini, akatoka, akavuta mlango nyuma yake. Hapo ndipo alipomsikia Meja akianza kula.