Ligne ya Kwanza mu Registre

Kankolongo alienda ku tribunal ya Kolwezi na shimizi, ile shati yenye aliolea nayo, juu alijua asema ile siku banamurudishia haki yake.

Maneno ilikuwa moya tu. Ku institut ya État, masomo ya serikali kwenye anafundisha, chef de section, mukubwa ya walimu, alikufa. Ile kiti banapeaka mwalimu mwenye alianza kazi mbele ya bengine. Njo Kankolongo. Lakini bakaipa Mushiya.

Mushiya! Yaya yake, mukubwa yake, bantu banasema batoto ya tumbo moya. Bote balipataka kazi mu barua moya, miaka kumi na mbili imepita. Kankolongo alifika lundi, jumatatu. Mushiya, train ilimukwamisha mu njia, Lubudi, siku tatu. Wakati mama Bilonda, secrétaire, alifungua registre, kitabu ya kusinya kazi, Kankolongo akaruka ligne ya kwanza, mustari ya juu, akasinya ya pili.

"Ile ni ya yaya. Mudogo hasinyake mbele ya mukubwa."

Akaandika date ya lundi pale na mukono yake mwenyewe, ili basiseme yaya alichelewa. Mushiya akafika jeudi, alhamisi, akasinya pale, akacheka: "Mudogo, unanichunga kama mama yangu!"

Leo, mbele ya juge, mwenye kukata maneno, ule Mushiya anasimama na cravate nyekundu ku shingo.

"Mama juge, muangalie tu. Ligne ya kwanza ni nani? Ni miye. Lundi."

"Yaya, weye ulikuwa Lubudi!" Kankolongo akalalamika. "Nani alikuwekea nafasi?"

"Kama ile date ni ya bongo, ya kudanganya, basi nani aliiandika?"

Kumbe alijua! Kankolongo akisema kweli, anakubali asema alifanya faux, aliandika bongo mu kitabu ya serikali, na juu ya ile banafukuzaka mutu ku kazi. Akinyamaza, kiti imekwenda. Na Mushiya alikuwa anakuya kula bukari, ugali, kwake kila dimanche, siku ya misa, akibeba batoto ya Kankolongo ku mapaja, na ile akili mu kichwa!

"Tata Kankolongo," juge akasema, "mujibu. Nani aliandika?"

Avocat yake, mwenye kumutetea, akamuvuta mukono: nyamaza. Nyuma, mwalimu moya akanongona, "Heshima yake hiyo, akule sasa." Bengine bakacheka.

"Ni miye," Kankolongo akasema. "Miye njo niliandika. Yeye alifika jeudi. Muite mama Bilonda, aliona yote."

Greffier, karani ya tribunal, akaandika. Mushiya akamugeukia.

"Unajiua, mujinga?"

"Ndiyo. Na weye ulisinya juu ya ile date. Tutoke bote."

Juge akasema registre ibaki kwake, na bote babili basimamishwe kazi mupaka bamalize kuchunguza.

Inje, Mushiya akamufuata mbio, akamushika ku bega.

"Mudogo, turudi. Sema ulisahau. Wakati iko. Si siye ni bandugu?"

Kankolongo akaondosha ule mukono ku bega yake.

"Kula yako ya dimanche, utafute kwingine."

Akaenda kutafuta pikipiki. Elise, bibi yake, alikuwa anangoja ku nyumba kusikia asema bwana yake ni chef.