Benchi la Mbuzi Darasa la Tatu

Uvumi ulimkuta mshonaji amepiga magoti, pini zimejaa mdomoni, anampimia mteja pindo la gauni.

"Mama Chiriku, mimi usinitaje," mteja alisema kutoka juu ya kigoda. "Lakini nasikia pale shuleni, darasa la tatu, watoto wa jehanamu wameshatengwa. Wanakaa upande wa dirishani."

Mshonaji akatoa pini mdomoni. "Watoto wa wapi?"

"Wa jehanamu. Nimesikia tu, mwenzangu. Tena nasikia..." Mteja akajitazama kiunoni. "Hebu angalia hapa nyuma, naona panavuta."

"Unasikia nini?"

"Kwamba na wako yumo."

Mshonaji alicheka, maana watu wa mtaa ule kwa kutia chumvi hawajambo. Lakini mteja alipoondoka, kicheko nacho kikaondoka. Ule uvumi ulimganda kama uzi kwenye sweta: anautoa begani, anaukuta kwenye mkono. Alishona kola ndani nje, akafumua, akaishona tena vilevile. Akasukuma cherehani kando na kuanza kufikiria.

Binti yake aliitwa Chiriku kwa sababu tangu ajue kusema hakuwahi kujua kunyamaza. Baba yake, fundi wa matairi, ndiye aliyempa jina hilo, akisema nyumba yao haihitaji redio. Sasa redio ilikuwa imezima. Mtoto alirudi shuleni, akavua sare, akakaa mlangoni kama mgeni aliyekuja kudai. Na kwenye sala ya jioni, yeye aliyekuwa akigombania kuomba, siku hizi alisema tu, "Omba wewe, mama."

Jioni ile mama hakuomba. Alimkalisha mtoto kitandani akamuuliza.

"Kwa nini wewe huombi?"

"Yangu hayafiki."

"Nani kakwambia hayafiki?"

"Mwalimu wa dini." Chiriku alikuwa anavuta uzi wa shuka. "Mimi ni mbuzi."

Ikatoka yote, kidogokidogo, kama mwiba. Mwalimu wa dini alikuwa amefundisha habari ya siku ya mwisho, kondoo kuume, mbuzi kushoto. Akataka waione kwa macho. Akasema, ambao baba na mama walifunga ndoa kanisani, nyosheni mikono. Walionyosha wakahamia upande wa mlangoni, wakawa kondoo. Waliobaki wakasogea dirishani. Watoto walidhani kengele ikilia mchezo umekwisha. Haukuisha. Kila kipindi cha dini kikifika, kila mtu huenda upande wake. Kondoo huimba na kuomba kwa sauti. Mbuzi huinamisha vichwa na kusikiliza.

"Na kwenye bomba la maji," Chiriku alisema, "mbuzi akishika, kondoo wanafuta kwanza. Halafu wanasema meee."

"Mwanangu! Kwa nini hukuniambia?"

"Ningekwambiaje, mama? Kwamba ni kwa sababu yenu?"

Hasira zilimpanda mshonaji zikamfika utosini. Hakuwa mpagani yule mama! Jumapili alikuwa kanisani kabla mlinzi hajafungua geti. Wazee wa pande zote mbili ndio waliomwoza. Ndoa ya kanisani kila mwaka ilisogezwa mbele, mara msiba, mara uzazi, mara mume kaumia mguu. Lilikuwa jambo lake, la mumewe na la Mungu wao. Sasa lilikuwa limebebeshwa mtoto wa darasa la tatu, na mtoto amelibeba bila kumwambia mtu.

Mumewe aliporudi na mikono yake myeusi, alisikiliza yote, akakuna kichwa. "Ukimkasirisha mwalimu atazidi kumwonea."

"Azidishe nini, Baba Chiriku? Ameshampeleka motoni. Kutoka pale anampeleka wapi tena?"

Fundi wa matairi akaenda kunawa.

Asubuhi mama alikuwa ofisini kwa mwalimu mkuu, mwanamke mwenye macho ya kuchoka na kikombe cha chai kilichokwisha kupoa. Mwalimu wa dini akaitwa. Kijana nadhifu, suruali imepigwa pasi mpaka mkunjo unakata, sauti ya upole. Upole ule ndio uliomuudhi mshonaji kuliko yote.

"Mama yangu, yale ni maigizo tu," alisema. "Ni mbinu ya kufundishia. Mtoto akiona kwa macho hasahau."

"Kweli hasahau. Wangu amesahau kuomba tu."

"Lakini tusikwepe ukweli, mama. Mkibariki ndoa yenu, mtoto anahama upande siku hiyohiyo."

"Kumbe! Unamtumia mtoto kunibana mimi?"

"Ninamtumia kukuokoa."

"Mwanangu si fimbo yako ya kunichapia!" Mshonaji alikuwa amesimama bila kujijua. "Ukinitaka mimi, kwangu unapajua, mlango uko wazi, njoo unihubirie huku nakushonea vifungo. Uliona mimi ni mkubwa nitakujibu, ukamtafuta asiyeweza kukujibu!"

"Jamani, jamani," mwalimu mkuu alisema, kiganja juu. "Tusikuze mambo. Mwalimu, huyu mtoto mhamishe leo, akae upande wa mlangoni. Mama, wewe umepata ulichokijia. Yaishe humuhumu ofisini. Sawa?"

"Sawa," alisema mshonaji, na akatoka kifua mbele.

Mchana Chiriku alirudi na mdomo wake wote. Aliimba akivua viatu, akaimba akila, akasimulia habari za mwalimu wa hesabu aliyekalia chaki. Mama yake alikanyaga cherehani huku machozi ya furaha yanamlengalenga. Redio imewaka.

Ndipo akaja binti wa kinyozi. Alikuwa rafiki wa Chiriku tangu wanatambaa, na kila siku wakati huo waliruka kamba pale uani. Akainama kuiokota kamba.

"We! Usiguse kamba yangu," Chiriku alisema. "Mbuzi wewe. Meee!"

Yule mtoto akacheka, akidhani utani. "Si juzi tulikaa wote?"

"Juzi ni juzi. Mama yangu alikuja. Wako mbona hakuja?"

Mtaa mzima ulijua mama wa mtoto yule alikuwa wapi. Walimzika wote. Binti wa kinyozi aliiweka kamba chini taratibu, kama kitu cha kuvunjika, akaondoka zake.

Mkono wa mshonaji uliinuka wenyewe, ukabaki hewani. Angempiga kwa lipi? Mtoto alikuwa anasema alichofundishwa, na la mwisho kafundishwa na mama yake. Yeye ndiye aliyekwenda ofisini kumtoa wake akawaacha wa wenzake palepale. Alinunuliwa kwa nafasi moja upande wa mlangoni, na akasema sawa. Kwa kinywa chake! Aliona aibu, na aibu ikageuka hasira mpya, nzito kuliko ile ya kwanza.

"Vaa viatu," alimwambia Chiriku. "Tunakwenda kuomba radhi."

Kwa kinyozi, mtoto alijificha nyuma ya pazia hakutaka kutoka. Chiriku akaliomba radhi pazia, analia. Mshonaji akamweleza baba mtu kila kitu, pamoja na ile sawa yake. Kinyozi hakuwa akijua lolote. Aliacha kichwa cha mteja kimenyolewa nusu.

"Kipindi kingine cha dini ni lini?" aliuliza.

"Kesho."

"Mimi je?" mteja alilalamika, ameshika upara wa upande mmoja.

"Wewe tulia, nakumalizia," kinyozi akamwambia, lakini wembe alikuwa ameushika kinyume, na mteja kwa busara zake akaamua kurudi baadaye akiwa na kofia.

Kesho yake mwalimu wa dini alikuwa ubaoni mlango ulipofunguliwa. Mshonaji hakubisha hodi. Alimshika Chiriku mkono, akamtoa miongoni mwa kondoo, akapita naye mbele ya darasa hadi dirishani, wakakaa kwenye benchi fupi la watoto, magoti ya mama yamefika kidevuni. Binti wa kinyozi alijisogeza ukutani. Kinyozi mwenyewe alisimama mlangoni na koti lake jeupe la kazi.

"Mama, kipindi kinaendelea," mwalimu alisema.

"Endelea. Sisi mbuzi tunasikiliza."

Watoto wakaangua kicheko, kisha wakanyamaza ghafla walipoona sura yake.

"Tutaongea ofisini..."

"Ofisini nimeshaongea nikahongwa, nami nikakubali kuhongwa. Leo fundisha. Huyu hapa mama yake amezikwa, na hakufunga ndoa kanisani. Umemweka upande huu kila kipindi, na mtoto si mjinga, ameshajumlisha. Basi mmalizie. Mwambie mama yake yuko wapi. Kwa mdomo wako, tusikie."

Mwalimu alimtazama mtoto. Pengine ilikuwa mara ya kwanza kumtazama yule mtoto peke yake.

"Sema, mwalimu," kinyozi alisema kwa sauti ndogo. "Na mimi nataka kujua."

Chaki ilikuwa inageukageuka vidoleni mwa mwalimu. Upole wake wote ulikuwa umemkimbia.

"Sijui," alisema.

"Hujui!" Mshonaji alipiga dawati, vumbi likaruka. "Hujui, na umewapanga! Hujui, na umemzuia mtoto asiombe! Nani alikupa kazi ya kugawa watu kabla mwenyewe hajaja kuwagawa?"

Mwalimu mkuu alikuja mbio kwa kelele hizo. Safari hii hakusema yaishe humuhumu, maana watoto wa darasa la nne walikuwa wamejaa madirishani. Aliamuru madawati yachanganywe, na hakuna upande tena. Mwalimu wa dini alisaidia kuyabeba. Alipopita karibu na binti wa kinyozi alisimama, akamwambia, "Nisamehe, mwanangu." Mtoto akatazama sakafu.

Si wote waliofurahi. Wapo wazazi wa kondoo waliosema mshonaji ameingiza uhuni kwenye mafundisho ya dini, na wawili watatu wakahamishia nguo zao kwa fundi mwingine. Waende salama. Kilichomuuma ni kingine. Chiriku ameanza kuomba tena, kwa sauti ya chini, bila kugombania. Binti wa kinyozi anaruka kamba na watoto wa mtaa wa pili, na uani kwa mshonaji hajakanyaga.

Kwa hiyo kila mama anayepanda kigoda kile kupimwa anaambiwa haya, apende asipende, pini zikiwa karibu na ngozi yake:

Usimwambie mtoto kwamba mwalimu wa dini hakosei.

Usikubali mtoto aulizwe mbele ya wenzake habari za ndoa ya wazazi wake.

Usiruhusu igizo la darasani liendelee baada ya kengele.

Usingoje mtoto akwambie mwenyewe. Akinyamaza, muulize.

Usikubali wako ahamishwe peke yake.

Ukiambiwa yaishe ofisini, usiseme sawa.

Usimpige mtoto aliyerudi na kiburi kabla hujajua kakipata kwa nani.

Usimwache mtu yeyote, awe na joho au chaki, amwambie mtoto kwamba maombi yake hayafiki.