Viatu vya Chumba Namba Kumi na Nne

Jozi ya thelathini na nane ilikuwa na matope ya Kongwa, mekundu, yaliyokauka mpaka ndani ya matundu ya kamba. Gregori aliyakwangua kwa kijiti, akapaka dawa, akasugua, kisha akageuza kiatu na kuandika 22 kwa chaki katikati ya soli, pale pasipokanyaga chini. Zilibaki jozi tatu. Jua lilikuwa halijatoka sawasawa, na huko uani nyundo ilikuwa imeshaanza.

Ko. Ko. Ko.

Alijifanya hamnazo, akavuta kiatu kingine. Lakini mkono wake ulianza kwenda na ile nyundo, brashi ikipanda na kushuka kwa mwendo uleule, na alipogundua hivyo akaiweka brashi chini na kukaa tu, akitazama ukuta.

Mtu akitaka kujua hali ya hoteli ile ya Uzunguni hakuwa na haja ya kwenda kuuliza mapokezi. Angeuliza viatu. Wageni waliviacha nje ya milango walipokwenda kulala, Gregori akavikusanya alfajiri na kuvishusha kwenye kichumba chake chini ya ngazi, na kabla ya chai vilikuwa vimerudi vinameremeta, kila jozi mlangoni kwake. Wakati wa vita yalikuwa mabuti ya maofisa, mazito, mpaka mgongo unauma. Vita vikaisha, maofisa wakapanda meli, na hoteli ikakauka. Kuna asubuhi alikusanya jozi mbili, na moja ilikuwa ya meneja mwenyewe, Bwana Stavro, Mgiriki mwenye sharubu na wasiwasi mwingi. Sasa, mwaka huu wa arobaini na saba, Wazungu wa mradi wa karanga wa Kongwa walikuwa wamemiminika mjini, wengine wanalala verandani kwa kukosa vyumba, na kontrakta Singasinga alikuwa anapandisha ghorofa nyingine juu ya ile ya zamani. Jozi arobaini na moja. Mtu mwingine angefurahi.

"Gregori."

Alikuwa Bwana Stavro, ameinama chini ya ngazi, kitu ambacho hakuwahi kukifanya.

"Naam, Bwana."

"Juu kutakuwa na vyumba kumi na sita. Nataka mkubwa wa vyumba. Kanzu nyeupe, mshipi mwekundu, na viatu pia nitakupa. Nimefikiri wewe."

"Mie, Bwana?"

"Miaka kumi na miwili, na hakuna kitu kimepotea mkononi mwako. Kesho saa moja, kabla sijanywa chai, njoo ofisini unijibu. Na unitajie watu wawili wa kukusaidia. Watu safi. Yule mwizi wa mwaka jana alinitosha."

Akaondoka. Gregori akabaki na kiatu cha mtu mapajani, na nyundo kule uani haikupumzika hata kidogo. Aliyekuwa anaigonga ndiye huyo mwizi wa mwaka jana. Alikuwa anavunja kokoto za ghorofa mpya, kwa Singasinga asiyemjua, vumbi jeupe limemfunika mpaka kope, na Bwana Stavro alimpita kila siku bila kumtambua. Jina lake Didas. Na Didas hakuwahi kuiba hata kijiko.

Mwizi alikuwa Gregori. Hilo neno alikuwa amelizungushia maneno mengine mengi kwa mwaka mzima, kuazima, kusahau, kuchelewa, lakini nafsi ilimsuta kila nyundo ilipolia, na nyundo ilikuwa inalia kutwa nzima.

Mchana alikwenda uani na muhogo wake wa kuchoma, akakaa na Didas kwenye kivuli cha ukuta. Walitoka wote upande wa Masasi. Didas ndiye mkubwa, ndiye aliyemleta Gregori kwenye kazi hii, akamwonyesha namna ya kupita kwenye ujia wa ghorofani bila kumwamsha mtu. Alikuwa mtumishi wa vyumba miaka kumi na mitatu.

"Nasikia juu wanataka watu," Didas alisema.

"Wanasema hivyo."

"Kesho naingia kwa Bwana Stavro. Hasira zitakuwa zimeshapoa. Nitanawa hili vumbi, nisimame mbele yake, nimwambie aniangalie usoni. Wewe uniombee neno moja tu. Wewe anakusikia."

"Nitaona, kaka."

"Nakushukuru. Hawa wengine wananipita kama hawanijui. Wewe peke yako ndiye unakuja kukaa na mie."

Gregori alimmegea nusu ya muhogo. Didas akamsogezea kopo lake la maji.

Mambo yenyewe yalikuwa hivi. Katika ule mwaka wa ukame wa wageni, Bwana Stavro aliona aibu ya milango mitupu. Akamwagiza Gregori achukue viatu vya stoo, vile ambavyo wageni waliokwenda bara waliviacha wavikute wakirudi, avitandaze kila jioni mbele ya vyumba visivyo na mtu. Basi mgeni mmoja akipanda ngazi aone hoteli imejaa. Gregori aliwapanga wageni wake wa uongo miezi mitatu, na asubuhi akawakusanya, akawapiga brashi kwa sababu vumbi haliulizi kama kiatu kina mwenyewe. Jozi aliyoipenda kuliko zote ilikuwa ya mpima ardhi mmoja wa chumba namba kumi na nne, ya kahawia, ngozi laini, yenye kiraka kidogo kwenye ulimi. Kwa kuwa ilikaa sana, chaki ikawa inafutika, aliichora namba yake kwa msumari.

Kisha dada yake, Eufrazia, akapata mchumba, ndoa ikapangwa misheni ya Pugu, na Gregori awe ndiye wa kumwingiza kanisani. Wakwe zake Eufrazia walikuwa na maneno. Shemeji anashika viatu vya Wazungu kila siku, walisema, lakini kanisani ataingia peku kama bata. Walicheka, naye akacheka nao, na ikamuuma. Akajiambia: viatu vinavyosimama milangoni kwa ajili ya watu wasiokuwepo vitashindwaje kwenda harusini siku moja? Mpima ardhi hakutazamiwa kwa wiki mbili. Jumamosi akavitia kwenye kikapu chini ya nguo. Ufunguo wa stoo akamwachia Didas, aliyekubali kumshikia zamu ya Jumapili, tena akamtania acheze vizuri.

Mpima ardhi akarudi Jumapili mchana. Homa ilikuwa imemtoa bara kabla ya wakati. Akaulizia viatu vyake.

Bwana Stavro aliuliza nani alikuwa na ufunguo. Didas akasema ni yeye. Akaulizwa kama Gregori aliacha mambo sawa, na Didas, ambaye hakuwa amekagua hata rafu moja, ambaye hakuona sababu ya kukagua nyuma ya mdogo wake, akajibu: "Gregori aliniachia kila kitu sawasawa." Kwa maneno hayo akajifungia mlango yeye mwenyewe. Jumatatu Gregori alipofika na kikapu chake, Didas alikuwa ameshafukuzwa, amepewa na barua. Didas hakujua Kiingereza. Aliizungusha barua ile nyumba tano za Wazungu, akiitoa kwa mikono miwili, mpaka karani mmoja wa reli alipomhurumia na kumsomea kilichoandikwa: huyu ni mwizi.

Na kikapu? Kikapu kilirudi nyumbani kwake Buguruni kama kilivyokuja.

Jioni ile Gregori alifika nyumbani kabla ya magharibi. Mkewe, Yuliana, alikuwa kibarazani na ungo wa mchele.

"Nimepata habari za Didas," alisema, hata hajamwacha akae. "Mkewe Rosalia kaniambia kesho anakwenda kuomba kazi. Sasa, Baba Fransis, mtu ataombaje kazi ya hotelini na miguu imepasuka vile? Nikakumbuka vile viatu vyako alivyokupa Mzungu. Tangu harusi vimelala sandukuni. Nimempelekea Rosalia."

"Umempelekea lini?"

"Saa tisa hivi. Nimekosea?"

Gregori alikuwa ameshashuka barazani. Alipita kisimani mbio, wanawake wenye madebe wakampisha, na njiani alipiga hesabu ya mambo mawili tu. Didas akiingia na viatu vile kwa Bwana Stavro, hatatoka pale ila mikononi mwa askari. Na la pili, ambalo lilikuja lenyewe wala hakuliita: likitokea hilo, hakuna atakayeuliza tena chochote. Mwizi atakuwa ameonekana, viatu vimeonekana, kanzu na mshipi vimepata mtu. Wazo lile lilimtembelea kwa hatua tatu, labda nne. Gregori alilisikia likipita, na akajiogopa.

Rosalia alikuwa anatwanga nyuma ya nyumba. Didas amekaa mkekani, miguu ameiosha, viatu viko mapajani kwake.

"Karibu, mdogo wangu. Kaa."

Gregori hakukaa.

"Mkeo ana roho nzuri," Didas alisema. Akageuza kiatu kimoja, akapitisha kidole gumba katikati ya soli. "Hiki kiraka cha ulimi nakijua. Na hii kumi na nne naijua. Nne yako unaiacha wazi juu. Nimepeleka viatu kwa namba zako miaka kumi na mmoja, Gregori, nitashindwa kuijua nne yako?"

"Ilikuwa siku moja tu, kaka. Nilikuwa nivirudishe Jumatatu."

"Jumatatu nilikuwa hapa."

"Najua."

"Na Jumanne nilikuwa hapa."

"Najua, kaka."

"Siku Rosalia alipouza cherehani yake nilikuwa hapahapa, na wewe ulikuja, ukatusaidia kuibeba mpaka barabarani. Unakumbuka?"

Alikumbuka. Ilikuwa nzito, na Didas alikuwa amemwambia aangalie asiumie mgongo. Nyuma ya nyumba mchi ulikuwa umenyamaza.

"Niliona haya," Gregori alisema. "Nikaogopa. Kila siku nilisema nitasema, na kila siku ilipopita ikawa ngumu zaidi. Sina neno jingine."

Didas alivipanga viatu sawasawa, kisigino kwa kisigino, kama alivyozoea kuvipanga milangoni. Mikono yake ilikuwa imechanika kwa kokoto, na ngozi laini ya kiatu ilikwaruzwa ilipogusana nayo.

"Ningesimama mbele ya Bwana Stavro navyo," alisema taratibu. "Nimwambie aniangalie." Akatikisa kichwa. "Vichukue."

"Nitavirudisha, kaka. Kesho."

"Utaviacha mlangoni uondoke?"

Hata hilo Gregori alikuwa ameshaliwaza, palepale, viatu vikiwa bado mkononi mwa mwenzake. Didas akageuza uso upande wa uani, kwa mkewe, na hakumgeukia tena.

Nyumbani alimweleza Yuliana yote. Yuliana alimaliza kuchambua mchele, akaumwaga kwenye ungo, akaanza kuuchambua upya.

Asubuhi zilikuwa jozi arobaini na tatu. Gregori alizipiga brashi zote, hata za wale wa verandani. Akazipandisha, akazigawa mlango kwa mlango. Mbele ya namba kumi na nne aliweka mabuti ya mgeni mwingine. Mpima ardhi alikuwa ameshakwenda kwao Ulaya. Kisha akashuka chini ya ngazi na kufungua kikapu. Viatu vya kahawia vilikuwa vimekauka kidogo kwa kukaa sandukuni. Alivipaka dawa mara mbili, akavisugua mpaka kile kiraka kikaonekana vizuri. Namba hakuandika, ilikuwepo.

Ilikuwa inakaribia saa moja. Alipopita kwenye dirisha la uani aligundua kitu kilichokuwa kinamsumbua tangu alfajiri: nyundo haikuwa inalia. Didas alikuwa amesimama kando ya lundo la kokoto, amevaa shati lililofuliwa, uso safi, nyundo inaning'inia mkononi. Alikuwa anatazama juu, kwenye madirisha ya ofisi.

Gregori alifika mlangoni kwa Bwana Stavro, akainama, akaviweka viatu chini, kisigino kwa kisigino. Miguu yake ilijua kazi hii; ikiisha kuweka, inageuka na kwenda. Iligeuka. Ikapiga hatua moja kwenye sakafu ya baridi, ikasimama.

Akarudi. Akajiweka kando ya viatu, peku, akagonga mlango.

Ndani kiti kilisukumwa nyuma, na nyayo zikaanza kuja.