Mtoto wa Baada ya Mapacha

Jina langu ni Vumilia, lakini mimi na jina langu hatujawahi kuelewana. Kuvumilia nimevumilia sana katika nyumba hii ya Kharumwa, ila siku ya akika ya mwanangu nilisema basi, imetosha.

Mwenye kesi na mimi ni mama mkwe wangu, Bi Mwasiti, Mmanyema wa Ujiji, mwanamke wa kanga zilizopigwa pasi na amri zisizojibiwa. Mtoto alipozaliwa hakuniuliza hata kama nimekula. Alimpakata, akamtazama, akasema, "Huyu ni Abdulshakur. Mja wa Mwenye Shukrani. Mungu katufuta machozi, na sisi tumshukuru."

"Mama, jina ni zuri, sikatai," nikamwambia. "Lakini mtoto wangu anaitwa Shija."

"Jina hilo sitaki kulisikia humu ndani!"

Alijua vizuri anachokikataa. Kwetu Usukumani, Shija si jina unalochagua kwa sababu limekupendeza. Shija ni mtoto anayezaliwa baada ya mapacha. Ukimtaja tu, umeshasema kwamba mbele yake walipita wawili, Kulwa na Doto. Na mimi hao wawili niliwazaa, msichana na mvulana, mwaka juzi wakati wa mvua. Hawakuifikia siku ya saba. Walipozikwa, Bi Mwasiti akapiga marufuku kuwazungumzia, na nyumba nzima ikatii. Nguo zao alizigawa mwenyewe nikiwa nimelala na homa.

"Wale hawakufanyiwa akika," akaniambia sasa. "Hawakupewa majina. Unawatajaje watu wasio na majina? Unamwitia huyu mtoto balaa."

Hapo nilichemka. "Mama, kwetu mapacha hawangoji kupewa jina. Anayetangulia kutoka ni Kulwa, anayefuata ni Doto, wanakuja nayo majina yao! Mkunga aliwaita hivyo hata kabla hajawakata vitovu. Kwa hiyo usiniambie wanangu hawakuwa na majina."

"Unanipandishia sauti, Vumilia?"

"Kwa sauti nisamehe, Mama. Kwa jina, hapana."

Mume wangu Bashiri alikuwepo, na alisikia kila kitu. Nikamfuata uani. Akaniambia, "Yule ni mama yangu, nifanyeje?" Nikamuuliza, "Na mimi ni mama wa nani?" Akainama, akaenda zake dukani kwake kupanga moko za kuchongea mwamba na nyundo za wachimbaji, ambazo zilikuwa zimeshapangwa. Nilimkasirikia mpaka maziwa yakagoma kutoka.

Siku ya saba ikafika. Mbuzi walichinjwa asubuhi, pilau ikanukia mtaa mzima. Wakati wa kumtoa mtoto barazani kwa wanaume ulipofika, Bi Mwasiti akanyoosha mikono nimpe. Ndivyo ilivyo desturi yao, bibi ndiye anayempeleka. Nikamwambia, "Leo nampeleka mwenyewe." Nikajifunga kanga vizuri, nikatoka naye.

"Makubwa haya!" akasema mmoja wa wanawake nyuma yangu. Nikasema moyoni, bado, subirini.

Shehe alikuwa mtu mpole. Akamnyoa mtoto shungi la mbele, akamgeukia Bashiri. "Jina lake nani?"

Bashiri akamtazama mama yake pale mlangoni, akanitazama mimi, akameza mate. Nikaona huyu atameza mate mpaka jua lizame.

"Shija," nikasema mimi.

"Abdulshakur!" Bi Mwasiti akadakia.

Shehe akaniuliza Shija maana yake nini. Nikamweleza kwamba ni mtoto anayefuata mapacha. Akakubali kwa kichwa taratibu. "Halina ubaya. Lakini nangoja baba mtu aseme."

Kabla Bashiri hajafungua mdomo, akainuka Mzee Ngusa, mteja wake wa dukani, Msukuma aliyehamia kwetu juzijuzi kutoka Didia. Uso wote ulikuwa kicheko.

"Shija! Kumbe nyumba hii ina mapacha na hamtuambii! Kulwa na Doto wako wapi? Waleteni kwanza niwasalimie. Siwezi kumpa zawadi mdogo nikawaruka wakubwa zake."

Hakuwa na kosa lolote. Msukuma yeyote akisikia Shija atauliza hivyo hivyo. Lakini hata waliokuwa wanapakua pilau wakaacha.

"Hakuna Kulwa wala Doto hapa," Bi Mwasiti akasema. "Kaa ule, mzee."

"Wapo!" nikasema. Machozi yalikuwa yananitoka, na sikuyafuta. "Wapo makaburini, baba. Kulwa alikuwa wa kike, alikuwa na nywele nyingi. Doto alikuwa analia sana, dada yake akiguswa tu naye analia. Niliwanyonyesha. Hakuna atakayeniambia sikuwazaa, si humu ndani, si nje!"

Bi Mwasiti akageuka kuingia ndani, lakini Bashiri akamwita. "Mama, ngoja." Sijawahi kumsikia akimwambia mama yake neno hilo. Akaja akasimama karibu yangu, akaweka mkono juu ya kichwa cha mtoto.

"Niliwashusha kaburini mimi mwenyewe," akasema. "Wote wawili. Shehe, huyu ni Shija."

Shehe akaitikia, akasoma dua. Bi Mwasiti alibaki mlangoni ameshika fremu, hakuitikia amina, na mpaka leo mtoto anamwita Abdulshakur. Amwite tu.

Mzee Ngusa alivua kofia yake. Akanijia polepole, kicheko chote kimemwisha, akanishika mkono kwa mikono miwili.

"Pole sana, Mama Kulwa," akasema.

Hakuna mtu aliyewahi kuniita hivyo. "Asante, baba," nikamjibu, kwa sauti ya kusikika mpaka jikoni.