Eti Nyanya Zarifa Alikuwa Mwalimu

"Mwalimu," Madam Nargiz aliniambia garini tukitoka uwanja wa ndege wa Jeddah. "Wakikuuliza mama alifanya kazi gani, sema mwalimu. Halas, basi."

Mama yake mwenyewe, Nyanya Zarifa, alikuwa ameketi ubavuni mwangu. Alizungumziwa kama mzigo uliofungiwa kwenye buti.

Mimi, mfanyakazi wao wa ndani, ndiye niliyemtunza kule nyumbani kwao, mtaa wa Al-Malqa, Riyadh. Nilimwogesha, nikamlisha, nikamsikiliza. Kwa Kiarabu chetu cha jikoni alinisimulia alivyotolewa katika kiwanda cha nguo mjini kwao Baku, enzi za utawala wa Warusi, bado msichana, akaigize filamu. Majirani walimtemea mama yake mate kwa kuzaa mwigizaji. Kwenye filamu iliyompa jina, wakubwa wa studio walifuta sauti yake, wakaweka ya mwanamke mwingine mwenye Kirusi safi. Watu wakawa wanamsimamisha barabarani aongee kwa sauti ambayo hakuwa nayo. Baadaye mkubwa mmoja alimwita chumbani, Nyanya akakataa, na kazi zikakauka. Akaishia kuuza tiketi mlangoni mwa sinema ileile iliyomwonyesha.

Tiketi hizo ndizo zilizomsomesha Nargiz udaktari. Leo Nargiz anamwonea haya mbele ya wakwe wa bintiye.

Sherehe ya hina ya mjukuu huyo, kabla ya harusi yake, ilikuwa alasiri, wanawake watupu. Mlangoni simu zote zilichukuliwa, kama ilivyo desturi, picha zisitoke nje. Madam alifurahi: hakuna ambaye angemtafuta mama yake mtandaoni. Hakukumbuka kwamba mahali pasipo kamera ndipo wanawake wale huvua abaya, hucheza ngoma, na kumtaka kila mgeni acheze.

Mama wa bwana harusi akamshika Nyanya mkono. "Na wewe, Hajja, hutuchezei?"

"Mama ni mwalimu," Madam akamjibia. "Hayajui mambo hayo."

"Daktari, wewe unamjibia hata akipiga chafya." Wenzake wakacheka. Mama wa bwana harusi akanigeukia. "Wewe unayemwogesha, niambie. Alifundisha nini?"

Madam alinikazia macho. Kafili wangu, mdhamini wa kibali changu, ni mumewe. Neno moja tu, narudishwa kwa wakala wa kazi kama sufuria iliyotoboka. Nyanya hakuniomba chochote. Alitazama mikono yake, kama mtu aliyekwisha kuzoea.

Kule kuzoea ndiko kulikonichoma.

"Hakufundisha," nikasema. "Alikuwa mwigizaji wa filamu. Mwulizeni mwenyewe, ana mdomo."

Wanawake wakamgeukia Nyanya. Kisha shangazi mmoja akavuta kiti karibu. "Filamu? Na ulikuwa unafanya nini humo, Hajja?"

Nyanya akanipa mkongojo wake, akasimama. "Nipeni nafasi," akasema, "niwaonyeshe." Akainua mikono, akaanza kuzunguka polepole, shingo imenyooka. Ngoma ikamfuata.

Madam akanisogelea, akaninong'onezea, "Kesho unarudi kwa wakala."

"Sawa, madam. Lakini sogea kidogo, unamziba."